Hakuwa Mwalimu wa Cherehani

Niliondoka Kibaha asubuhi na mapema bila kumuaga mtu na bila kujua naenda wapi. Kwenye furushi nilikuwa na kanga mbili, gauni moja, sahani ya bati na hati ya darasa la kushona. Nilikuwa nimekasirika kiasi kwamba niliipita stendi bila kuitazama, nikashika njia ya Soga kwa sababu tu ndiyo iliyokuwa mbele ya miguu yangu.

Jana yake mchana, mbele ya ofisi ya kijiji karibu na Mlandizi, mwanamke aliyenifundisha kazi pekee niliyowahi kuipenda alikuwa ameagwa kwa hotuba nyingi. Hotuba zote zilimshukuru kwa kutufundisha kushona. Mama yule alikuwa hajui kushona hata kifungo.

Watu wa njiani walinisalimu, nikawajibu kwa ufupi mpaka mzee mmoja wa baiskeli akageuka kuniangalia. Binti asiyemwamkia mkubwa vizuri lazima ana wazimu au anatoroka. Nilirudi hatua chache nikamwamkia upya. Mzee yule hakuwa na kosa lolote.

Mimi niliacha shule darasa la tano. Sikukosa akili wala karo. Siku moja lori la ng'ombe lilipita mbele ya shule likielekea Magindu, nami nikataka kujua ng'ombe wale wanapelekwa wapi. Nikaenda kuona. Tangu siku hiyo sikuwahi kukaa mahali pamoja zaidi ya misimu miwili. Nilichunga ng'ombe za watu Magindu, nikauza maandazi stendi ya Mlandizi, mwisho nikapata kazi ya kufua nguo Kibaha kwa wageni wa nchi za kaskazini. Miaka ile walikuwa wengi: walimu, waganga, wataalamu wa kuku. Mimi nilifua kwa mtaalamu wa visima, Mdenmark mrefu aliyekuwa anatia kila kitu alama ya wino, hata vijiko.

Mke wake hakuwa Mdenmark. Alikuwa ametoka Aisilandi, nchi ambayo sikuwahi kuisikia. Ukutani kwake kulikuwa na picha. Moja ya malkia mwenye taji, moja ya kikongwe aliyevaa matambara, moja ya kijana mwenye masharubu amekalia pipa. Nilikuwa nimebeba beseni la nguo, nikasimama kuziangalia.

"Hawa ni ndugu zako, mama?"

Alicheka mpaka akashika kiti. "Hawa wote ni mimi," akasema.

Nililiweka beseni chini. Siku hiyo nguo hazikufuliwa.

Tangu hapo nilimuuliza maswali kila siku, naye alijibu kwa Kiswahili chake cha kuvunjikavunjika ambacho kilikuwa kinaungana wiki kwa wiki. Alizaliwa kwenye bonde la kondoo, mbali na mji mkuu. Kwao wakati wa baridi jua huchungulia tu saa za mchana, kisha linaondoka. Kwa kuwa hakuna cha kufanya shambani, watu wa bonde zima hukusanyika ukumbini kuigiza. Mpeleka barua anakuwa mfalme, mke wa mchinjaji anakuwa mchawi. Yeye alisimama jukwaani kwa mara ya kwanza bado msichana mdogo, akaigiza mbwa. Alisema alibweka vizuri sana hivi kwamba mbwa wa kweli waliokuwa nje wakajibu.

Kutoka mbwa akafika jukwaa kubwa la mji mkuu. Akawa binti, akawa mchumba, akawa malkia. Akacheza sinema mbili. Kwenye mojawapo alivuka mto wa barafu juu ya farasi, farasi akaanguka, na mpiga picha akaendelea kupiga. Watu walipoiona sinema ile walisifu jinsi alivyoigiza hofu. "Sikuigiza," aliniambia. "Nilikuwa nakufa." Kwao, alisema, hata watoto madukani walimwita kwa jina lake mwenyewe, kwa sababu nchi nzima huitana hivyo, na mwanamke akiolewa habadilishi jina. Ni binti wa baba yake mpaka anazikwa.

Kisha mume akapata kazi ya visima Tanzania, naye akamfuata kwa mwaka mmoja. Mwaka ukawa miwili, ukawa mitatu. Kibaha hakuna aliyemwita kwa jina. Wote walimwita Mama Mhandisi. Na mwigizaji, aliniambia siku moja akikunja shuka, asipoigiza muda mrefu huanza kuwa kama nyumba isiyokaliwa. Alikuwa anataka kitu kimoja tu: asimame mbele ya watu wa hapa aigize kwa Kiswahili, hata mara moja, kabla hawajaondoka. Alikuwa ameliweka jambo hilo moyoni kama mtu anavyoweka nadhiri.

Wakubwa wa mume wake na wakubwa wetu walikaa, wakaamua wake wa wataalamu wafundishe ushonaji. Hawakumuuliza mtu anajua nini. Mwanamke, basi cherehani. Wakamkabidhi cherehani za miguu kwenye banda la kijiji na wanawake wa kuwafundisha. Mimi alinichukua nimsaidie lugha.

Siku ya kwanza nilitaka ardhi ipasuke. Wanawake walikaa mikekani wamemkodolea macho. Yeye aliizunguka cherehani kama mtu anayetafuta mlango wake. Akakanyaga, mkanda ukatoka. Akaurudisha, ukatoka tena. Kisha akaiacha. Akasogeza kiti katikati, akakaa, akachukua sindano ambayo haikuwepo. Akalamba ncha ya uzi ambao haukuwepo. Akafumba jicho moja, akatunga, akakosa. Akatunga tena, akakosa, akaukunja uso. Mara ya tatu uzi ukapita, na mwanamke mmoja aliyekuwa karibu yangu akashusha pumzi. Akaanza kushona. Mara akajichoma, akaruka, akakitia kidole mdomoni.

"Pole, mama!" wakasema wengi kwa pamoja.

"Pole ya nini?" ikasema sauti ya nyuma. "Sindano iko wapi? Mmerogwa?"

Banda lilicheka mpaka kuku wakakimbia. Mwenye sauti alikuwa bibi mmoja wa Kizaramo, mjane, mvuta ugoro, aliyekuwa anaburuta mguu wa kushoto na kupiga paja kila alipotaka kukaa, kama anayeliamuru. Mtu akimtazama sana alifoka, "Ala! Mnaniangalia nini, mimi sinema?" Mimi aliniita Kiguu na Njia. Mgeni alimtazama sana siku ile, na Bibi akafoka vilevile. Mgeni akainuka, akapiga paja, akakaa kama yeye. Wanawake wote waligeuka kumwangalia Bibi atafanya nini.

"We!" akasema Bibi. "Huyu barafu ananitania. Basi kuanzia leo ni mtani wangu. Mmesikia wote? Nikimtukana asinishtaki, na akinitukana nisimshtaki."

Watu wa mbali wanaposikia utani hudhani ni mzaha wa kawaida. Kwetu ni mkataba. Wazaramo wana watani wao wa bara tangu zamani za misafara, na mtani ana haki ambazo hata ndugu wa damu hana. Msibani ndiko haki hizo zinaonekana. Mgeni wetu alikuja kuziona hivi: fundi seremala mmoja wa Mlandizi alifariki, tukaenda kuhani. Mwili ulipokuwa unataka kutoka, mzee wa Kinyamwezi akatokea amevaa shati la marehemu na kofia ya marehemu, ameshika msumeno wa marehemu. Akatembea kama marehemu, akakohoa kama marehemu, akawadai wateja wa marehemu kwa majina. Akalala kifudifudi njiani, jeneza lisipite mpaka apewe kuku. Watu walikuwa wanalia na kucheka kwa wakati mmoja. Mjane mwenyewe alicheka, kanga mdomoni.

Mgeni alinishika mkono mpaka ukauma. "Huyo mzee amesomea wapi?"

"Hajasoma popote. Ni mtani."

Tukashika njia ya kurudi. Karibu na barabara kuu akasema kwamba amekaa jukwaani miaka yote ile, na hajawahi kuona mwigizaji aliyehitajika na watu namna hiyo.

Basi darasa la cherehani likawa darasa la maigizo. Asubuhi wanawake waliojua kushona, na walikuwepo, waliwafundisha wenzao. Jioni tuliigiza. Alitufundisha kumwangalia mtu kuanzia miguuni. Sauti baadaye, alisema, sura mwisho kabisa. Ukiipata miguu, mengine yanakuja yenyewe. Tukatunga mchezo wetu. Ulimhusu bibi aliyetoka shamba akakuta nyumba yake imehamishiwa kijiji kipya bila kuulizwa, akakataa kulala mpaka waende kumwonyesha lile jiwe la kusagia ugoro lilipowekwa. Jambo hilo lilimpata Bibi mwenyewe, yeye ndiye aliyetusimulia. Mgeni alimwigiza Bibi. Bibi alimfundisha mwenyewe, akimtukana kila hatua. "Mguu huo unaburuta kama wa mlevi! Mimi nimewahi kulewa, mtani? Vuta taratibu. Una haraka ya kwenda wapi, kwenye theluji?" Mimi nilikuwa karani aliyeihamisha nyumba. Nilijichora masharubu kwa masizi.

Tulipanga kuonyesha siku ya sherehe, mgeni rasmi atakapokuja. Mama yule hakuwa analala vizuri kwa furaha. Alikuwa anarudia maneno yake akipika, akioga, akiniandalia nguo chafu. Mume wake alimwambia anasikika kama redio iliyoharibika.

Siku chache kabla, afisa utamaduni alikuja kukagua. Alikuwa kijana wa suti ya Kaunda, anatembea vidole nje kama bata, na kila baada ya maneno machache anainua visigino. Nilikuwa nimemwona mikutanoni, na karani wangu nilikuwa nimempa miguu hiyohiyo. Sijutii. Wanawake waliona kabla yake, wakaanza kujificha nyuma ya kanga. Kisha akaona.

"Mchezo huu haufai," akasema. "Ndugu zangu, tunajenga taifa. Na nani ameruhusu mzungu amwigize bibi wa Kiafrika mbele ya mgeni rasmi? Walitucheka enzi zote za ukoloni. Leo tuwape na jukwaa?"

Maneno ya mwisho yalikuwa na uzito, wala sikuyadharau. Nimewaona wazungu wakituigiza baa za Kibaha, nikataka kuwamwagia bia. Lakini Bibi alikuwa amekaa pale pale, na hakuulizwa.

"Mwanangu," Bibi akasema, "anayeigizwa ni mimi. Nimekulilia?"

"Bibi, shikamoo. Haya ni mambo ya wizara."

"Marahaba. Mguu wangu umekuwa wa wizara lini?"

Afisa alimgeukia mume wa mgeni, aliyekuwa amesimama mlangoni na funguo za gari mkononi, na mume akasema, kwa sauti ya mtu anayemtuliza mtoto, kwamba mkataba wake ni wa visima. Kwa hiyo siku ya sherehe tulipanga foronya mezani. Mgeni rasmi alizishika moja moja, akasema hongereni. Yule mama alisimama nyuma ya foronya amevaa gauni la maua, na nilimwona akiikunja na kuikunjua mikono kama mtu aliyeibiwa asiyejua ashtaki wapi. Mpaka leo nikiona foronya ya kutarizi natamani kuichana.

Jioni ile Bibi alimwita. "Mtani, usilie kama kondoo wa kwenu. Hao wana jukwaa lao. Mimi nina langu, na siku yake haiko mbali, kifua hiki nakisikia. Nikifa, wewe ndiye utakayeniiga. Msibani hakuna wizara."

Nilidhani anamfariji tu. Masika hayakuisha, kifua kikamchukua.

Habari zilipofika Kibaha, mume alisema wazi mke wake asiende. Alihofia kashfa. Nilimkuta mama yule jikoni amesimama, mikono mitupu, anatazama ukuta wenye picha.

"Watasema ninamkejeli," akaniambia.

"Nani atasema?"

"Wote."

"Wote hawakuachiwa kazi," nikamwambia. "Ulipewa wewe, mimi nilikuwepo." Nilisema kwa ukali, sauti ambayo mfuaji hatumii kwa mwenye nguo. Alivua viatu vyake vya visigino, akavaa ndala, tukatoka kwa mlango wa nyuma tukapanda lori la mihogo.

Kwenye uwanja wa msiba afisa utamaduni alikuwa amefika kabla yetu. Alitukuta penye uzio wa makuti.

"Mama Mhandisi, tafadhali sana. Hapa ni msibani. Si mahali pa michezo."

Mtoto mkubwa wa marehemu, mkulima mwenye mabega mapana, alikuja kuona kuna nini. Alikuwa amelia, macho mekundu.

"Huyu ndiye yule mtani?" akaniuliza.

"Ndiye."

Akamgeukia afisa. "Na wewe, kaka, ni mtani wetu?"

"Hapana, mimi nimekuja kwa niaba ya..."

"Basi kaa mkekani na wafiwa wenzako."

Wanawake walimwingiza ndani. Sikuona wanavyomvika. Niliona alipotoka. Kwanza mguu wa kushoto ulitangulia kwenye mlango, ukiburutwa, na uwanja mzima ukageuka kabla hata ya kuona uso. Alikuwa amevaa kaniki ya Bibi, mkononi kopo la ugoro. Alitembea taratibu mpaka katikati, akawaangalia watu mmoja mmoja, akapiga paja, akakaa. Akavuta ugoro. Akapiga chafya ile ile ya Bibi, ndefu, yenye kulalamika mwishoni. Binti wa marehemu akatoa kilio kimoja kikubwa.

"Ala!" akasema yule mama. "Mnaniangalia nini, mimi sinema?"

Sijui niuite nini mlio uliotoka uwanjani. Walicheka, wakalia, wengine wakasimama. Aliwadai majirani jembe lake. Aliwauliza wajukuu nani amemkosesha usingizi kwa redio. Akamwona afisa mkekani, akamtazama miguu, akasema, "Mwanangu, umehamisha na jiwe langu la ugoro, au hilo nitalikuta kaburini?" Hayo yalikuwa maneno ya mchezo wetu, yale yaliyokatazwa. Hakuna aliyethubutu kumkataza pale. Alipojilaza mbele ya jeneza wakamtolea kuku, akakataa, wakaongeza kanga, akakataa, mpaka mtoto mkubwa akamwinamia na kumwambia kwa upole, "Mama, tuache sasa twende." Ndipo akainuka akapisha.

Wanaume walilichukua jeneza. Wanawake tulibaki naye uani. Mjomba wa marehemu, mzee sana, alipita akamgusa begani akasema, "Umemrudisha, tumemuaga vizuri." Hiyo ndiyo tuzo aliyopata kwa mchezo wake wa pekee katika nchi hii, na nadhani hakuwahi kupata kubwa zaidi.

Ripoti iliandikwa. Ilisema nini sijui. Ninachojua ni kwamba mkataba wa mume haukuongezwa, na kwamba hakuna mtu hata mmoja wa msiba ule aliyeitwa kuulizwa. Halafu wakaandaa sherehe ya kumuaga. Hapo ndipo damu yangu inapochemka. Mtu ukimfukuza, mfukuze. Usimfukuze huku unampa soda.

Mwenyekiti akahutubia, katibu akahutubia, afisa utamaduni akahutubia kuliko wote, visigino juu. Mama wa ushonaji. Nyuzi za undugu. Sindano ya maendeleo. Wakamkabidhi kicherehani kidogo cha kuchonga kwa mpingo. Nilimsubiri aseme. Kiswahili chake kilikuwa kimenyooka, maneno alikuwa nayo. Yeye alikipokea kile kicherehani kwa mikono miwili, akakiinua watu wakione, akainama polepole mpaka chini. Niliujua mwinamo ule. Ulikuwa wa malkia wa kwenye picha. Alikuwa anawaigizia Mama wa Ushonaji, tena vizuri, na walimwamini wakapiga makofi.

Na kabla makofi hayajaisha mwenyekiti akanionyesha kidole. "Na dada yetu huyu, aliyekuwa mkono wake wa kulia, ndiye atakayeshika darasa la ushonaji!" Makofi tena. Watu wakanipongeza. Nilipata kazi ya serikali ya kijiji, chumba, na jina la uongo.

Nilimfuata garini. "Kwa nini hukusema?"

"Nilishasema," akajibu. "Kule msibani."

"Wewe ulisema. Sisi tunabaki na foronya."

Mume aliwasha gari. Mama yule akanishika uso kwa mikono yote miwili, macho yamejaa, lakini hakupata jibu, na mimi sikumsaidia kulitafuta. Nilimkasirikia kuliko nilivyomkasirikia afisa. Afisa hakujua anachokiharibu. Yeye alijua.

Ndiyo maana asubuhi ile nilikuwa njiani kwenda Soga. Nilifika jua likiwa kali. Treni ya Dar ilikuwa imesimama inasubiri kupishana na nyingine, nikapanda behewa la daraja la tatu na kukaa juu ya gunia la mkaa la mtu. Niliwaangalia abiria miguu. Nilishindwa kuacha. Mwanamke mwenye kuku alikuwa anasugua kidole gumba kwa kidole cha pili, askari aliyekuwa likizo alikunja vyake kama anashika chini. Hasira ilikuwa palepale, ila miguu ile niliichukua yote.

Nitaruka mbele kidogo, kisha nirudi. Miaka mingi baadaye, Dar es Salaam, mwalimu mmoja wa nchi za kaskazini aliniambia kwamba mwigizaji yule alirudi jukwaani kwao, na kwamba siku hizi anasifiwa sana kwa sinema anayocheza kikongwe wa mashambani. Watu wanauzungumzia mwendo wake. Mguu mmoja unaburuta, na kabla ya kukaa anapiga paja. Hakuna anayejua ameutoa wapi. Nilicheka kwa sauti, mwalimu akafurahi. Kisha nikaona jinsi mguu wa Bibi unavyotembea kwenye theluji, watu wasiomjua wanaupigia makofi, wakati hapa kwetu haukuruhusiwa kupita mbele ya meza ya foronya.

Nilishuka Pugu. Sikuwa na sababu, ila kondakta alikuwa anakuja na sikuwa na tiketi. Nikapanda mlima kwa miguu kupitia msituni, hewa ikawa ya baridi kidogo, na jioni haijaingia vizuri nikatokea Kisarawe. Sikuwahi kufika. Boma la zamani, maduka machache, minazi, watoto wanarudi kisimani. Nikaulizia chumba, nikaelekezwa nyumba ya mabati yenye baraza refu.

Mwenye nyumba alikuwa mama mnene wa makamo. Alifungua mlango nusu, akaweka nyonga kwenye ubao, akakuna shingo kwa funguo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Barua ya balozi wako iko wapi?"

"Sina."

"Huna hata balozi wa nyumba kumi? Basi wewe mzururaji. Wanawakamata hao, hujui? Wakikukuta kwangu wananiuliza mimi. Una mume?"

"Sina."

"Kazi?"

Ningeweza kusema mshonaji. Hati yangu ya darasa ilikuwa kwenye furushi, na mhuri wa kijiji. Ingenipa chumba mara moja.

"Mwigizaji," nikasema.

"Ndiyo kazi gani hiyo? Ya ngoma? Ya baa?"

"Naonyesha watu jinsi walivyo."

"Kwani wao hawajioni?" Akacheka kwa dharau. "Haya, nionyeshe mimi."

Nilikuwa nimechoka, na njaa, na hasira ya siku mbili. Niliweka furushi chini. Nilianza na miguu. Nikafungua mlango nusu, mlango ambao haukuwepo, nikaweka nyonga kwenye ubao, nikakuna shingo kwa funguo. Nikamtazama kutoka juu mpaka chini, na kutoka chini mpaka juu.

"Barua ya balozi wako iko wapi?" nikamuuliza.

Funguo zilikuwa bado shingoni mwake. Akazitazama, akazishusha, kisha bega lake likaanza kutikisika, akageuka kuangalia ndani asije akaonekana anacheka na mtu asiyemjua.

"Chumba cha nyuma," akasema. "Kina popo. Kesho asubuhi twende wote kwa balozi, na huko usifanye hivyo, maana yule hana utani." Akaufungua mlango wote. Nilipopita akaniuliza kwa nyuma, "Na kushona je, unajua? Nina mapazia."

"Sijui," nikasema. "Sijawahi kujua."